Umejuaje? Warumi, Ziwa Letu na Mtu wa Kutusimulia

Wasikilizaji wangu, nazungumza nanyi nyote mlio hapa Kisumu, Ahero, Bondo, Mbita na Homa Bay, na ninyi mlio mbali zaidi, hata kule Migori na Busia ambako sauti yetu hufika ikikwaruza kidogo. Aliye jikoni apunguze moto, aliye njiani aongeze sauti. Leo tunazungumzia historia ndani ya filamu, na nina maswali mawili tu. La kwanza: nani anafaa kusimama mbele ya kamera atusimulie mambo ya kale? La pili: akishatusimulia, sisi tumuulize nini?

Jibu la swali la pili nawapa sasa hivi, lisije likapotea njiani. Tumuulize: umejuaje? Basi. Nitalirudia swali hilo jioni nzima, nivumilieni.

Tuanzie Roma, kwa sababu Roma ndiyo nchi ya kale ambayo wengi wetu tumeijua kwa filamu kuliko kwa kitabu. Mwaka 2000 ilitoka filamu ya Gladiator. Nani hakuiona? Wapo walioiona kwenye jumba la sinema, na wapo walioiona kwenye kibanda cha video, Kondele au Nyalenda, wamebanana kwenye benchi, mabati yanawaka joto. Na vibandani, mnajua, kuna utamaduni wa kuwa na mtu wa kutafsiri. DJ Afro mnamfahamu. Mwigizaji anasema sentensi moja, DJ anaweka tano, na tatu kati ya hizo hazimo kabisa kwenye filamu. Tunacheka, tunafurahi, na kesho tunalipa tena. Simlaumu hata kidogo. Kazi yake ni kuburudisha, na anaiweza.

Lakini hebu tuitazame hiyo Gladiator yenyewe. Mwishoni Kaizari Commodus anauawa uwanjani, mbele ya maelfu ya watu, kwa mkono wa shujaa Maximus. Ndivyo ilivyokuwa? Sivyo. Maximus ni mtu wa kubuniwa. Commodus aliuawa siku ya mwisho ya mwaka 192, hakuna umati uliokuwa ukishangilia. Alinyongwa na mwanamieleka aliyeitwa Narcissus, aliyetumwa na watu wa karibu wa Kaizari mwenyewe. Na vurugu zilizofuata ndizo zilizomfikisha kwenye kiti cha enzi, mwaka 193, bwana mmoja aitwaye Septimius Severus. Huyu alizaliwa Leptis Magna, mji ambao magofu yake yako katika Libya ya leo. Sasa angalieni: filamu imefunga pazia pale pale ambapo mtoto wa Afrika ya Kaskazini anakaribia kuingia! Mimi ningekuwa mwandishi wake, ningeongeza nusu saa.

Sasa kuna filamu za aina nyingine. Hizi tunaziita makala. Hakuna mapanga, hakuna farasi kuanguka. Kuna mtu mmoja tu, anatembea, anasimama, anaonyesha kidole, anaeleza. Mtu huyo akiwa mchovu wa maneno, mtazamaji hubadilisha chaneli kabla ya dakika ya tano. Akiwa na kipaji, unajikuta umekaa mpaka mwisho, chai imepoa.

Mfano wangu ni Mary Beard, profesa wa Chuo Kikuu cha Cambridge aliyefundisha mambo ya Warumi na Wagiriki kwa miaka mingi. Mwaka 2012 BBC ilionyesha mfululizo wake ulioitwa Meet the Romans. Mama huyu, mvi zake zimeachwa kama zilivyo, anazunguka Roma kwa baiskeli na kuwatafuta watu wa kawaida: watumwa, wauzaji, mafundi. Hakuanza na makaizari. Alianza na makaburi.

Nisimame kidogo kwenye kaburi moja, kwa sababu lenyewe linafundisha. Liko Roma, karibu na lango liitwalo Porta Maggiore, na lina umri wa miaka kama 2000. Ni kubwa, tena la ajabu: ukutani limetobolewa mashimo makubwa ya mviringo, na juu yake kumechongwa picha za watu wakisaga nafaka, wakikanda unga, wakipima mikate kwenye mizani. Mwenye kaburi alikuwa Marcus Vergilius Eurysaces. Kazi yake? Mwokaji mikate. Mwokaji mikate aliyetajirika kwa zabuni za mikate akajijengea kaburi la kuwatia wivu waheshimiwa. Jiwe lililoandikwa kwa ajili ya mkewe, Atistia, linasema mabaki ya mama huyo yamewekwa ndani ya kikapu cha mikate. Hata kaburini, biashara inaendelea!

Haya, tumuulize profesa: umejuaje kwamba Eurysaces alikuwa mwokaji? Anajibu: ameandika mwenyewe, nakusomea. Na kweli anasoma Kilatini kile kwenye jiwe, neno kwa neno, kisha anatupa maana yake. Umejuaje kwamba mikate ilipimwa? Tazama mizani ile pale. Na je, Eurysaces aliwahi kuwa mtumwa? Hapo sauti inabadilika. Jina lake ni la Kigiriki, na Wagiriki wengi walifika Roma wakiwa watumwa, kwa hiyo wataalamu wengi wanaona huenda alikuwa mtumwa aliyeachiliwa. Lakini jiwe halikusema. Jiwe likinyamaza, mwanahistoria mwaminifu husema “huenda”. Sikilizeni vizuri neno hilo “huenda”. Kwangu mimi ndilo linalomtofautisha mwanahistoria na msimuliaji wa kibandani.

Katika mfululizo huohuo Beard anaingia pia ndani ya kilima kiitwacho Monte Testaccio. Ni kilima cha vigae. Warumi waliagiza mafuta ya zeituni kutoka Hispania na Afrika ya Kaskazini yakiwa ndani ya mitungi, na mitungi ikishatolewa mafuta ilivunjwa na kurundikwa hapo, mwaka baada ya mwaka, mpaka takataka zikawa mlima wa mita 35 hivi. Kwenye baadhi ya vigae bado kuna maandishi ya wino: uzito, jina la mfanyabiashara, mahali mafuta yalikotoka. Jalala limegeuka daftari la bandari. Mtu wa Kisumu, mji uliozaliwa na reli na gati, anaelewa jambo hilo bila kufafanuliwa.

Na msidhani alipokelewa kwa maua. Mhakiki mmoja wa gazeti la London aliacha kuzungumza habari ya Warumi akazungumza habari ya sura yake, kwamba haifai runingani. Mama akamjibu kwenye gazeti jingine, kwa ukali wa mwalimu mkuu, kisha akaendelea na kazi. Mwaka 2016 alirudi na mfululizo mwingine juu ya dola nzima ya Kirumi. Mvi zilezile.

Mtaniuliza sasa: mwokaji wa Roma anatuhusu nini sisi watu wa Winam? Swali zuri. Nina habari ambayo, nikiwa na pesa za kutengeneza filamu, ningeanza nayo.

Zamani za Kaizari Nero, miaka ya 60 ya karne ya kwanza, Roma ilituma askari kwenda kutafuta chanzo cha mto Nili. Umejuaje? Kwa sababu Seneca, mwanafalsafa aliyekuwa mwalimu wa Nero, aliandika kwamba yeye mwenyewe aliwasikia maofisa wawili wa msafara ule wakisimulia waliporudi. Walipita Misri, wakapita Meroe katika Sudan ya leo, wakasaidiwa na mfalme wa huko, wakaendelea kusini mbali sana. Kisha wakafika mahali maji na majani yamesokotana. Hawakuweza kupita kwa miguu. Hawakuweza kupita kwa mashua, isipokuwa mashua ndogo ya mtu mmoja. Wenyeji wenyewe hawakujua kinamasi kile kinaishia wapi. Warumi, ambao walikuwa wamefika Uingereza na mpaka mipaka ya Uajemi, wakageuka wakarudi nyumbani.

Wataalamu wengi wanaona kwamba mahali pale ni kinamasi cha Sudd, huko Sudan Kusini. Msikilizaji wangu wa Dunga, wewe huhitaji picha ya kompyuta kukuonyesha jambo hilo. Mafunjo unayajua, yale tunayoita togo, unayalalia mkeka wake. Na gugumaji umelishuhudia tangu miaka ya 1990: asubuhi moja unaamka, ufuo wote umefunikwa kijani, mashua zimekwama kama zimejengewa uzio, injini inazunguka na chombo hakiendi, na samaki wanakuozea ukiwaona. Ukiyajua hayo, umewaelewa askari wa Nero kuliko mzungu yeyote anayewasoma maktabani.

Na jambo halijaisha. Karne moja baadaye, mwanajiografia Ptolemy wa Alexandria aliandika kwamba Nili unatoka kwenye maziwa, na maziwa hayo yanapata maji kutoka milima aliyoiita Milima ya Mwezi. Maziwa! Kwa hiyo huenda fununu ya maziwa yetu ilikuwa imefika Bahari ya Kati, kupitia wafanyabiashara wa pwani ya Afrika Mashariki. Umejuaje kwamba bidhaa za dola ya Kirumi zilifika pwani hiyo? Profesa Felix Chami wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam alichimba kwenye eneo la delta ya mto Rufiji, akapata shanga za kioo za Kirumi, akachapisha matokeo yake mwaka 1999. Ushahidi mdogo, unaotoshea kwenye kiganja, lakini ushahidi.

Hapa niweke tahadhari, maana mtu wangu wa Nyando ameshaanza kutabasamu. Tusikimbilie kusema kwamba maji ya Nyando, Sondu na Nzoia ndiyo yaliyolisha Roma. Ni kweli mito yetu inaingia ziwani, ziwa linatokea Jinja, na mto unakwenda mpaka Misri. Ni kweli ngano ya Misri ililisha Roma. Lakini mafuriko yaliyorutubisha mashamba ya Misri yalitoka zaidi milima ya Ethiopia. Filamu mbaya ingeunganisha haraka haraka, ikaweka na muziki wa kusisimua. Filamu nzuri ingesimama hapo kama sisi tulivyosimama.

Sasa nawaletea kiungo ambacho ni chetu hasa. Yale maeneo ya Sudan Kusini, upande wa Bahr el Ghazal, pale karibu na kinamasi kilichowashinda Warumi, ndiko ambako masimulizi ya Wajaluo yanasema mababu zao walianzia safari. Zaidi ya miaka 1000 baada ya Nero, koo zile zilitoka huko kaskazini, zikashuka kupitia Uganda, mpaka zikafika kwenye kingo hizi. Roma ilishindwa kupita kuja kusini. Wenye mafunjo yao walishuka polepole, kizazi kwa kizazi, pamoja na ng'ombe.

Umejuaje?

Hapo ndipo tunamtaja Profesa Bethwell Allan Ogot. Mwana wa Gem, Siaya, alizaliwa mwaka 1929, akasoma Maseno na Makerere, kisha Uingereza. Wakati ule wasomi wengi wa Ulaya waliamini kwamba pasipo maandishi hapana historia. Ogot alikwenda kwa wazee. Aliwasikiliza wa Nyanza, aliwasikiliza wa Padhola na kwingineko Uganda, akalinganisha ukoo na ukoo, nasaba na nasaba, simulizi ya huyu na simulizi ya jirani aliyewahi kupigana naye. Penye kukubaliana akaandika, penye kupingana akasema zinapingana. Kitabu chake, History of the Southern Luo, kilitoka mwaka 1967. Baadaye alikuwa mhariri wa juzuu ya 5 ya historia kuu ya Afrika iliyoandaliwa na UNESCO. Alifariki tarehe 30 Januari 2025.

Mary Beard anasoma jiwe, Ogot aliusoma mdomo wa mzee, na kila mmoja wao ukimuuliza umejuaje anakupa jibu. Tofauti ni kwamba mmoja alipewa kamera. Ogot alitumia kalamu, na vitabu vyake ni vinene, bei yake mnaijua, na maktaba ziko chache. Mtoto wa shule wa Obunga anaweza kukutajia Julius Caesar, lakini Ogot hajamsikia.

Je, hatukuwahi kuwa na mtu wetu kwenye kamera? Tulikuwa naye. Profesa Ali Mazrui, mwana wa Mombasa, mwaka 1986, na mfululizo wa sehemu tisa, The Africans: A Triple Heritage, uliotengenezwa na BBC pamoja na kituo cha WETA cha Marekani. Kwa kweli Mazrui alikuwa mtaalamu wa siasa kuliko historia, lakini alibeba bara zima mabegani. Hoja yake mnaikumbuka: Mwafrika wa leo ana mirathi mitatu, ya asili, ya Uislamu na ya Magharibi, na ugomvi wetu mwingi unatokana na mirathi hiyo kugongana ndani yetu. Alizungumza kwa sauti ya taratibu, sentensi zimepangwa kama mashairi, na maoni yake hakuyaficha.

Hapo ndipo palipozuka moto. Shirika la serikali ya Marekani lililochangia dola 600,000 lilipoona filamu, mkuu wake wakati huo, Lynne Cheney, alikasirika kwamba inaishambulia Magharibi, akataka jina la shirika liondolewe kwenye orodha ya wafadhili. Likaondolewa. Filamu ikaonyeshwa vilevile, na huenda kelele zile ziliiongezea watazamaji. Mkubwa akikataa jambo mbele za watu, watu hutaka kuliona.

Miaka kumi na mitatu baadaye, mwaka 1999, mambo yaligeuka. Profesa wa Harvard, Henry Louis Gates, Mmarekani mweusi, alitoa mfululizo wake kuhusu Afrika, akafika na pwani yetu ya Waswahili. Safari hii Mazrui ndiye aliyekuwa mkali. Alilalamika kwamba Gates amewahoji Waswahili kuhusu asili yao kwa namna ya kuwashangaa, kana kwamba hawajijui. Mimi katika ugomvi ule nilikuwa upande wa Mazrui, na bado niko. Mgeni anaweza kuja na kamera nzuri na moyo mzuri, lakini akifika na jibu mfukoni, maswali yake ni ya kupitisha wakati tu.

Ila, wasikilizaji, nimtendee haki kila mtu. Nikiweka filamu ya Mazrui upande mmoja na ya Beard upande wa pili, naona Mazrui aliamini zaidi nguvu ya hoja kuliko nguvu ya kielelezo. Ukimaliza sehemu zote tisa, unajua sana Mazrui anafikiri nini. Umejuaje, hapo anakupitia haraka. Alikuwa na bara zima la kumaliza, labda hakuwa na nafasi ya kukaa kwenye kaburi moja. Lakini sisi wa leo hatuna haja ya bara zima. Kingo za ziwa hili peke yake zinatutosha.

Wa karibuni ni Zeinab Badawi, mwanahabari mzaliwa wa Sudan, ambaye kuanzia mwaka 2017 BBC ilionyesha mfululizo wake wa historia ya Afrika. Yeye alichukua zile juzuu za UNESCO, ambazo Ogot alikuwa mmoja wa wahariri wake, akazitembeza nchi kwa nchi, na popote alipofika aliwatafuta wanahistoria Waafrika wazungumze wenyewe. Badawi si mwanahistoria, na hajifanyi kuwa. Anauliza, anasikiliza. Kwa njia hiyo kazi ya Ogot imefika kwenye skrini kwa mlango wa nyuma.

Tuje nyumbani sasa. Tufikirie pamoja: tukipewa kamera moja na mwanahistoria mmoja, tumpeleke wapi?

Mimi nitamshusha kwenye boma la mawe la Thimlich Ohinga, Migori, kaskazini-magharibi ya mji. Wengi tumepita kibao chake bila kukata kona. Tangu mwaka 2018 ni eneo la Urithi wa Dunia, sawa na mji wa kale wa Roma wenyewe, na bado kuna watu wa Rongo ambao hawajafika. Utakuta kuta za mawe, nyingine zimekupita urefu mara mbili, zimejengwa bila udongo, bila chokaa, bila saruji. Mawe yamebanana kwa uzito wake tu. Mwanahistoria wetu nitamwomba asianze na hotuba. Ainame. Mlango wa kuingilia ni mfupi, umewekewa mawe marefu juu, na huwezi kupita umesimama. Akiinama kamera ipo nyuma yake, atatuambia: kila adui aliyetaka kuingia humu aliingia kichwa kwanza, macho chini, na wenye boma wamemsubiri upande wa pili. Hapo umeeleza ulinzi wa karne nzima bila takwimu hata moja.

Kisha ukuta. Auonyeshe kwa karibu. Uso wa nje una mawe makubwa, uso wa ndani una mawe makubwa, na katikati kumejazwa madogo ya kuyashikanisha. Ndiyo sababu umesimama tangu karne ya 16 hivi, mvua na jua. Aonyeshe mabaki ya mahali walipoyeyushia chuma. Aonyeshe mwamba uliochongwa vijishimo vya kuchezea bao la ajua, walinzi wakipoteza wakati. Halafu tumuulize: nani alijenga? Na hapo sitaki jibu la mkato, kwa maana boma lile lilikaliwa na watu mbalimbali kwa zamu, Wabantu kwa wakati wao na Wajaluo kwa wakati wao, na waliofuata wakakarabati ya waliotangulia. Wanaakiolojia wetu, kina Simiyu Wandibba na Isaya Onjala, wamelifanyia kazi jambo hili. Waitwe. Wabishane mbele ya kamera, hakuna ubaya.

Na jalala letu, kama lile la Roma? Lipo. Kando ya Ghuba ya Winam kuna marundo ya makome na mifupa ya samaki yaliyoachwa na wavuvi maelfu ya miaka iliyopita, pamoja na vigae vya vyungu vyao. Ni ya kale kuliko Roma. Mtu anapita hapo na pikipiki kila siku akidhani ni mchanga tu.

Nasikia mtu akisema: pesa ziko wapi? Kweli, filamu ni ghali, na vituo vyetu vinapenda siasa za jioni na tamthilia za ng'ambo. Lakini hata bila pesa za BBC mtu mmoja alithubutu. Marehemu Hilary Ng'weno, mwanahabari mkongwe, alichukua picha za kale, sauti za kale, na uso wake mwenyewe uliotulia, akatengeneza The Making of a Nation kuhusu siasa za Kenya. Hakuwa na magofu wala ndege za kupiga picha angani. Alikuwa na hifadhi nzuri na uvumilivu. Watu walikaa wakatazama, kwa kuwa yaliyosemwa yaliwahusu.

Na kuna jambo la mji huu ambalo linasubiri uvumilivu kama huo. Tarehe 25 Oktoba 1969, Rais Jomo Kenyatta alikuja kufungua ile hospitali tunayoiita Russia. Mnajua yaliyotokea: maneno makali kati yake na Jaramogi Oginga Odinga hadharani, fujo, risasi, watu wakafa, watoto wakiwamo. Siku chache baadaye chama cha Odinga, KPU, kikapigwa marufuku. Picha na sauti za hotuba zipo, zimesambaa. Zilizo haba ni sauti za waliokuwa barabarani. Kila nyumba ina hesabu yake ya waliokufa, kila nyumba ina mtu aliyesimuliwa na mtu. Umejuaje? Nilisikia. Kwa nani? Hapo kimya. Kaburi la Eurysaces limesubiri miaka 2000 kwa kuwa ni la mawe. Mtu aliyekuwa na miaka kumi siku ile ya Oktoba sasa ni babu au nyanya, na hatasubiri.

Kwa hiyo, wasikilizaji wangu, hili ndilo ombi langu, na nitalisema polepole ili aliye na kalamu aandike. Kama kwenu kuna mzee aliyekuwa Kisumu mwaka 1969, kaa naye wiki hii. Washa simu, irekodi sauti yake. Kabla hajaanza, mwambie ataje jina lake, mwaka aliozaliwa, na mahali aliposimama siku hiyo. Mwache amalize asemalo, usimkatize wala usimsahihishe. Kisha muulize kwa adabu: jaduong', hili uliliona mwenyewe au uliambiwa? Kama aliambiwa, na nani? Rekodi hiyo usiiache kwenye simu moja, simu huibiwa na huanguka ziwani. Itume kwa mtoto mwingine wa nyumba, na nakala nyingine ipelekeni kwenye Makumbusho ya Kisumu au maktaba ya chuo kikuu kilicho karibu nanyi, ikiwa na tarehe na jina juu yake.

Na wewe unayefundisha historia, uliye na wanafunzi na simu yenye kamera, wapeleke Thimlich Ohinga muhula ujao.